Mtoto Asiyetajwa

Wahenga hawakuwa na mavazi akilini waliposema kwamba mficha uchi hazai. Walikuwa wakimwonya mtu anayeona haya kueleza linalomsibu, mpaka msaada ukampita mlangoni. Wapo wanaoisikia methali hii wakacheka. Sheikha hakucheka.

Alikuwa mke wa Salem, muuza vitambaa wa mtaa wa Bwiza, jijini Bujumbura. Miaka miwili nyuma alijifungulia nyumbani mtoto wa kiume mwenye kidonda wazi mgongoni, chini karibu na kiuno. Mama mkwe wake, Bi Zuwena, alifunga mlango. "Watu watasema ukoo wetu una laana," alinong'ona. Mtoto hakupelekwa hospitali. Siku ya tisa homa ilimchukua, akazikwa kimyakimya, na majirani wakaambiwa kwamba mimba iliharibika. Tangu hapo hakutajwa tena, na Sheikha akabaki na donge rohoni.

Sasa alikuwa na mimba nyingine ya miezi mitano, ameisitiri ndani ya abaya pana kama Bi Zuwena alivyotaka, kwa kuogopa kijicho. Mchana, joto likishapanda na wateja wakipungua, alikuwa akisinzia dukani kati ya majora. Ndoto ilimjia ileile: mtoto ameketi juu ya maji matulivu ya Ziwa Tanganyika, amempa mgongo, na kila Sheikha alipojaribu kumfunika, kitambaa kilikuwa kifupi. Aliamka mashavu yamelowa, asijue kama ni jasho au machozi.

Siku ya kliniki, Bi Zuwena alimsindikiza. Muuguzi Odette alifungua daftari.

"Mama, iyi ni mimba ya ngapi?"

"Ya kwanza," Bi Zuwena akadakia.

Odette akaandika. Bi Zuwena alipotoka kwenda kuswali adhuhuri, Sheikha alibaki kwenye benchi. Feni ilizunguka polepole, kope zikawa nzito, na maji yakatanda tena mbele yake, mtoto yuleyule juu yake. Safari hii hakutafuta kitambaa. Alijua hakitatosha. Alizinduka, akamfuata Odette.

"Dada, tumekudanganya. Iyi si ya kwanza. Mutoto wangu alizaliwa mugongo iko wazi, tukamuficha."

Odette aliweka kalamu chini. "Mi siko hapa juu ya kukusema kwa watu. Ugonjwa iyo inaweza kurudia. Leo leo utapita ekografi, tuangalie kwa picha mugongo ya uyu."

Daktari Irène alipitisha kifaa tumboni mara nyingi. Kwenye kioo uti wa mgongo ulionekana, pingili baada ya pingili, mpaka chini palipoachana.

"Hapa iko wazi," alisema. "Lakini tumejua mapema. Utazalia kwenye hospitali yenye mupasuaji, na atafunga kidonda mapema, mbele haijaingiza ugonjwa."

Sheikha alilia sana, lakini lile donge lilikuwa limelegea. Bi Zuwena, alipojua siri imetoka, alinuna wiki nzima. Salem alisimama na mkewe.

Mtoto alizaliwa kwa upasuaji, wa kike, na kesho yake mgongo ukafungwa. Mguu mmoja ulikuwa mzito, na walielezwa kwamba atachelewa kutembea. Hata hivyo alinyonya kwa pupa, akapita siku ya tisa, akapita ya kumi.

Siku ya kuruhusiwa, Bi Zuwena alimvuta mpasuaji pembeni ya kitanda. Sauti yake haikuwa ya kuamrisha tena.

"Dogteri, kulikuwa mwingine mbele ya uyu. Kidonda yake ilikuwa kama iyi. Angepona?"

Mpasuaji alimtazama kwa huruma.

"Siwezi kujua, Mama. Ule hamukumuleta."

Bi Zuwena alijifunika uso kwa mtandio, mabega yakamtikisika. Sheikha, mwanawe kifuani, alimshika mkono, akalia naye. Lililo kweli ni kweli: mficha uchi hazai.