Mkeka wa Mama Wawili

Haya, watu mpo?

"Tupo!"

Masikio mnayo?

"Tunayo!"

Yawekeni kando! Huko ninakowapeleka, masikio ni ya kutundikia vipuli tu.

Hapo kale, kale ambayo hata bibi yangu aliisimuliwa, kulikuwa na nchi ambayo watu wake walisikia kwa nyayo. Ndiyo, nyayo hizi hizi. Ukisema neno, linapita ardhini, linampanda mwenzio miguuni. Usipotaka kumsikiliza mtu, unavaa viatu, basi. Ladha waliionja kwa viganja. Na kitako... Wewe, mbona unacheka? Nasema kitako! Kitako ndicho kilichohisi moyo. Ukikalia kitu kilichotengenezwa kwa mkono, unauhisi moyo aliokuwa nao mtengenezaji siku ile. Kigoda cha seremala mwenye wivu kilikuwa hakikaliki. Ndiyo maana nchi ile hawakumheshimu tajiri wala mpiganaji kama walivyomheshimu msukaji wa mikeka.

Na msukaji wa wasukaji alikuwa Mwanamize wa Mji Juu. Jamani, mwanamke yule! Bibi harusi akikalia mkeka wake, hofu yote inamtoka. Mfiwa akiukalia, anaomba chakula. Walikuja watu kutoka mbali, wanakaa tu, wanashukuru, wanaondoka.

Sasa Mji Juu na Mji Chini wakagombea kisima. Wakapigana, wakazika. Wakapigana tena, wakazika tena. Mara ya tatu akafa Faki, mtoto wa kwanza wa Mwanamize. Akabakiwa na mmoja, Makame, na Makame alishaanza kunoa mkuki.

Wazee wakasema, "Tujaribu mkeka wa suluhu." Desturi yao ilikuwa hivi: mama aliyefiwa anasuka mkeka, wazee wa pande zote mbili wanaukalia. Ukiwa na utulivu, vita vimekwisha. Ukiwa na chuki, vita vinaanza palepale. Wakamwendea Mwanamize, naye akakubali kwa ajili ya Makame.

Akasuka. Akamwita jirani yake, Bi Riziki. "Shoga, hebu kaa."

Bi Riziki akakaa. Akaruka juu! "Mume wangu yuko wapi? Nataka kumzaba kofi!"

"Kakosa nini?"

"Hajakosa kitu!"

Mkeka ule ukafumuliwa. Mwanamize akasuka wa pili. Safari hii akajilazimisha kucheka, akaimba nyimbo za harusi toka asubuhi hadi jioni. Bi Riziki akakaa taratibu, akashika tumbo.

"Shoga, nasikia kichefuchefu. Moyo huu si wako. Umeuazima wapi?"

Huo nao ukafumuliwa. Mwanamize akalia kwa uchungu. "Siwezi kusamehe, Riziki. Na nisiposamehe, Makame wangu anakufa."

Zilikuwa zimebaki siku saba wazee waje kuukalia mkeka. Mngekuwa nyinyi mngefanyaje? Mngelala! Mwanamize alibeba mzigo wake wa ukindu kichwani, akashuka peku mpaka Mji Chini, jua la saa nne, kila mtu anamwona. Akaenda nyumbani kwa Mosi, mama aliyeuliwa kijana wake, Bakari, na watu wa Mji Juu.

Mosi alipomwona tu, akavaa makubadhi. Yaani hataki kusikia. Mwanamize akakaa uani, akasuka, jioni akarudi kwao. Siku ya pili akaja, Mosi kavaa makubadhi. Siku ya tatu akaja. Mosi akasimama mlangoni, akamtazama weee, akavua.

"Unataka nini kwangu?"

"Nusu ya mkeka."

"Watu wako wamemuua mwanangu."

"Na wako wamemuua wangu."

"Sijawasamehe."

"Wala mimi. Hebu niambie, nyayo zako zinafanya nini jioni?"

Mosi akazitazama nyayo zake. Kisha akasema polepole, "Zinamsikiliza. Zamani nilikuwa namjua akiwa bado kisimani. Hatua zake nzito, anaburuza mguu wa kushoto. Kila jioni nasikiliza, hazifiki."

"Zangu vilevile. Basi suka hilo. Usisuke hasira, usisuke msamaha. Suka hilo tu."

Wakasuka siku nne, kila mmoja nusu yake, wakaziunganisha kwa uzi mmoja. Rangi zile zile, mshono ule ule. Hungejua nusu ya nani ni ipi.

Siku ikafika. Wazee wakaja, mikuki wameiegemeza karibu. Mzee Vuai, kiongozi wa vita wa Mji Juu, akasema kwa sauti, "Sisi tutakalia nusu ya mama yetu! Ya Mosi wakalie wao."

"Bila shaka, baba," Mwanamize akajibu kwa adabu. "Karibuni upande huu."

Upande gani? Sogeeni niwanong'oneze. Wa Mosi!

Mzee Vuai akakaa, ngumi kazikunja. Punde ngumi zikafunguka. Nyayo zake zikaanza kutafuta hatua fulani ardhini. Akageuka kutazama njia ya kisimani, akangoja, akangoja, hakuja mtu. Machozi yakamtoka, mzee mzima.

"Pole, Mwanamize, mwanangu. Sikujua kwamba unamsubiri Faki hivi."

"Huyo si Faki, Mzee Vuai. Hiyo ni nusu ya Mosi. Unayemsubiri hapo ni Bakari, uliyemchoma mkuki kwa mkono wako."

Mzee Vuai akauinamia mkeka. Na upande wa pili wazee wa Mji Chini walikuwa wamejifunika nyuso, wanamlilia Faki. Kaka yake Mosi akauliza kwa kwikwi, "Kwa hiyo nyinyi wawili mmeshasameheana?"

"Bado," akasema Mosi.

"Bado," akasema Mwanamize. "Lakini mimi nimebakiwa na mmoja tu, na mkuki wake keshaunoa. Nani kati yenu atanyanyuka hapo aende kuniulia?"

Hakunyanyuka mtu. Jua likapanda, likashuka, njaa ikawauma, wakaletewa ubwabwa wakala palepale, na hakunyanyuka mtu.

Imetua?

"Imetua!"

Basi aliyeipenda aibebe, aliyesinzia ataisikia kwa jirani. Mimi koo limenikauka, nipeni maji.