Fisi Aliyejifanya Dubu wa Kila Aina

Enzi ambazo wanyama walikuwa bado wakirushiana maneno kabla ya kurushiana meno, mbuga ya Kilolombe ilikauka mpaka nyasi zikawa zinavunjika zikikanyagwa. Mto ulibaki mchanga mtupu. Kulikuwa na kisima kimoja tu chenye maji, nacho kilikuwa na maji kwa sababu Mama Ngiri na wanawe walikichimba kila asubuhi kwa meno na pua hadi maji yakachuruzika kutoka chini. Simba, mfalme wa hapo, hakuchimba hata kwa ukucha mmoja. Alikaa kivulini akapanga zamu za kunywa, kisha akajisifu kwamba bila yeye mbuga nzima ingekufa kwa kiu.

Fisi hakuwa na zamu. Alikuwa nayo zamani, ila siku moja alikutwa amelala ndani ya kisima chenyewe, tumbo juu, anakunywa, anaoga na kuguguna mfupa kwa wakati mmoja. Simba akamfukuza mbele ya kadamnasi. Tangu hapo akawa anazurura vichakani, analamba umande na kumlaani kila mnyama, isipokuwa tumbo lake, ambalo ndilo lililomponza.

Basi ikatokea kwamba Korongo, ndege msafiri anayekuja kila mwaka kutoka nchi za baridi, alitua barazani kwa Simba. Alikuwa ndege mwenye maneno mengi na miguu mirefu, na vyote viwili alivionea fahari.

"Huko nilikotoka," akaanza hata kabla ya kupewa salamu, "kuna mnyama anaitwa dubu. Akisimama kwa miguu ya nyuma, Bwana Simba, hata wewe utamtazama kwa kuinua kichwa."

Simba hakupenda. "Ana manyoya shingoni?"

"Mwili mzima, Bwana. Mkia ndio hana wa kutaja. Lakini usidhani dubu ni mmoja. Ukoo ni mmoja, aina ni nane. Yuko mweupe, anayeishi kwenye barafu na kula sili, wanyama wanene wa baharini. Yuko wa kahawia, wa milima na misitu, mla samaki, matunda na asali."

"Asali yote hiyo anapewa na nani?" akauliza Simba kwa wivu.

"Anajichukulia. Tena wako weusi, mmoja upande huu wa bahari na mwingine upande ule, na huyo mmoja ana alama ya mwezi mchanga kifuani. Yuko mdogo wa misitu ya joto, mwenye ulimi mrefu. Yuko mwenye nywele zilizotimka, anayefyonza mchwa kwenye vichuguu. Yuko mwenye miduara machoni kana kwamba amevaa miwani. Na panda, mweusi kwa mweupe, yeye hutafuna mianzi kutwa."

"Na mbona hakuna hata mmoja aliyewahi kuja kunisalimia?"

Korongo akasema ana haraka, akaruka kwenda bonde la pili kutafuta panzi. Simba akabaki amenuna. Kuwa mfalme asiyetembelewa na mnyama mkubwa kama huyo aliona ni kudharauliwa.

Kichakani, Fisi alikuwa amesikia yote. Niseme kweli, hakusikia yote: masikio ya Fisi husikia chakula kwanza. Alisikia vizuri samaki, asali, wanyama wanene; mkia, miwani na mwezi vilimwingia vimechanganyika kama vya mnyama mmoja. Na kichwa chake, ambacho hakijawahi kumletea faida, kikamletea wazo.

Kule Kilolombe kulikuwa na desturi ya kupokea wageni. Mgeni wa mbali hunywa kabla ya wenyeji, hula kabla ya mfalme, na hutunzwa kwa desturi za kwao, si za hapo. Kwao wakilala chini, hulazwa chini. Kwao wakila usiku, huandaliwa usiku. Simba aliipenda sana desturi hiyo kwa sababu gharama walibeba wengine.

Fisi akaenda mahali palipoungua, akajigaragaza kwenye majivu meusi mpaka madoa yake yakapotea. Akaukunja mkia katikati ya mapaja. Kwa udongo mweupe akajichora miduara machoni, akaitazama kazi yake kwenye jiwe linalong'aa, akapendezwa nayo. Halafu, kwa sababu Fisi hajui kutosheka hata katika uongo, akajichora na mwezi mchanga kifuani.

"Hodi hapa kwa mfalme maarufu!" akanguruma, akitembea kwa ncha za vidole vya nyuma ili mgongo wake ulioteremka uonekane umenyooka. "Mimi ni Dubu. Nimevuka barafu na bahari kuja kukupa shikamoo."

Pua ya Simba ilimwambia mara moja kwamba huyu ni Fisi. Harufu ya Fisi haifunikwi na majivu ya mbuga nzima. Lakini kiburi kiliijibu pua, kikaishinda. "Marahaba, marahaba!" akasema Simba, manyoya yamemsimama kwa raha. "Mmeona? Dubu mwenyewe! Mfalme gani mwingine ametembelewa na Dubu? Mpeni maji!"

Maji yakatolewa kwenye zamu ya Mama Ngiri, maana zamu za wakubwa hazikuguswa. Kesho yake ikawa vilevile, na kesho kutwa. Fisi alikunywa mpaka tope likaonekana, akala nyama ya mfalme, akajinyoosha, akaomba tena. Watoto wa Mama Ngiri, ambao ndio waliokichimba kisima kile, walibaki kulamba matope. Mdogo wao kabisa akaacha hata kulia.

Mama Ngiri akamwendea Sungura. "Baba, mwanangu hasimami. Huyo mgeni akikaa mpaka mvua zije, namzika. Na nikisema neno naambiwa sina adabu kwa wageni."

"Huyo ni mgeni wa wapi?" akasema Sungura. "Nimemwona akicheka peke yake. Hicho kicheko nakijua."

"Basi twende tukamwambie mfalme!"

"Mfalme anajua, mama. Ukimwambia mfalme kwamba amemwita Fisi mtukufu, atakayekuwa na makosa ni wewe. Ngoja kwanza nikamwone Korongo."

Alimkuta bondeni, mdomo umejaa panzi, akamweleza jinsi mgeni alivyo. Korongo akapaliwa kwa kicheko. "Miduara machoni, na mwezi kifuani vilevile? Hao ni dubu wawili! Hawajawahi hata kuonana! Na vidole vyake ni vingapi?"

"Vinne kila mguu."

"Dubu ana vitano, na hukanyaga kwa unyayo mzima kama binadamu. Huyo wenu ni takataka tu."

"Takataka tunaijua," akasema Sungura. "Nieleze mambo ya kwao. Chakula kikiadimika, dubu hufanya nini?"

Korongo akamweleza, na Sungura akarudi akiruka njia nzima.

Jioni baraza likakaa. Sungura akapiga magoti mbele ya Fisi kwa adabu iliyopita kiasi. "Mtukufu Dubu, tumekukosea. Desturi yetu ni kumtunza mgeni kama kwao, na hatujui wewe ni dubu wa aina gani. Ni wa kahawia, tukutafutie asali na samaki? Ni mweupe, tukutafutie mnyama mnono? Au wa miwani?"

Hapo ndipo mwenye akili angechagua. Angesema yeye ni wa miwani, au ni yule mdogo wa misitu ya joto, na hadithi hii ingekuwa na mwisho mwingine. Lakini Fisi alisikia asali, samaki na mnono katika pumzi moja, na mate yakamtoka mpaka yakafuta mwezi wake nusu.

"Mimi ni wa aina zote," akasema.

"Zote?" akauliza Simba.

"Zote, Bwana. Baba yangu wa kahawia, mama mweupe. Bibi yangu mweusi, babu wa miwani. Leteni vya wote."

"Vitakuja," akasema Sungura. "Tuanze na vya panda."

Wakamletea mianzi. Fisi akaitazama, akawatazama. Simba alikuwa anangoja kwa shauku. Fisi akatafuna mianzi huku ufizi ukitoka damu, akasema ni mitamu kama ya nyumbani. Kisha wakampeleka kwenye kichuguu afyonze mchwa kama ndugu yake wa nywele zilizotimka, naye akafyonza, mchwa wakamng'ata ulimi hata akawa anaongea kama aliyelewa.

"Na asali?" akauliza kwa shida.

"Asali baadaye," akasema Sungura. "Kwanza usingizi. Bwana Simba, Korongo ameniambia jambo ambalo lingetuaibisha tusingelijua. Kwa kina dubu wa kahawia, ambao ndio baba zake huyu mtukufu, chakula kikiisha nchini dubu haombi wala hanung'uniki. Huingia shimoni akalala, hali wala hanywi, mpaka nchi ipate neema tena. Sasa sisi nchi yetu imekauka, na mgeni wetu tunamweka macho siku zote hizi! Atakwenda kusema nini kwao?"

Simba akaruka juu. "Aibu kubwa! Shimo liko wapi?"

"Langu lipo, Bwana," akasema Mama Ngiri upesi. "Ni refu na lina giza zuri."

Fisi akaanza kurudi nyuma. "Mimi, unajua, upande wa mama hawalali sana..."

"Unyenyekevu wa wageni hauna mwisho," akasema Simba, akamsukuma shimoni kwa mkono wake mwenyewe. Mama Ngiri akasukumia jiwe mlangoni, akalikalia.

Maji ya zamu yakarudi kwa wenyewe. Mtoto mdogo wa Mama Ngiri akanywa, akapiga chafya, akasimama. Mama yake akalia palepale juu ya jiwe, bila kujificha.

Ndani, Fisi alivumilia mpaka aliposikia mifupa ikivunjwa nje. Simba alikuwa ameua nyati. Hapo heshima yote ya kidubu ikamtoka. "Nifungulieni! Mimi si Dubu! Mimi ni Fisi!"

Kila mnyama akamtazama mfalme.

Simba akaacha kutafuna. Kukubali ni kusema kwamba alimtukuza Fisi, akampa Fisi nyama yake, akajisifu kwa ajili ya Fisi mbele ya mbuga nzima. Alifikiri, na kwa Simba kufikiri hakuchukui muda mrefu kiburi kikiwepo.

"Mgeni anaota," akasema.

"Ni Fisi! Yule uliyemfukuza! Nina madoa, njooni mwone!"

"Maskini, ndoto mbaya," akasema Sungura. "Korongo alituonya tusimwamshe."

"Asiamshwe," akasema Simba. "Atakayemwamsha nitamla." Akaendelea na nyati wake.

Basi Fisi alibaki humo, anakula mizizi na mende, analamba unyevu ukutani, anajitaja kwa jina lake halali usiku na mchana, na hakuna aliyelitambua. Mvua zilipofika, jiwe likaondolewa. Kilichotoka kilikuwa ngozi juu ya mifupa. Mvua ikakiosha palepale, na madoa yakajitokeza moja moja mbele ya mbuga nzima.

Simba akakohoa. "Wewe ni nani?"

Sungura akamsogelea Fisi, akasema kwa sauti ya chini, "Fikiri kabla hujajibu, ndugu. Ukiwa Dubu, neema bado haijatimia vizuri. Shimo liko wazi."

"Mimi ni Fisi," akasema Fisi. "Fisi mla mizoga. Fisi niliyefukuzwa. Naomba mnifukuze tena."

Walimfukuza. Hakukimbia, alishindwa, ila alijikokota mpaka akapotea, na watoto wa ngiri wakamsindikiza kwa vicheko hadi mpakani.

Simba mpaka leo huwasimulia wajukuu jinsi Dubu alivyomtembelea, akalala kwa heshima, akaondoka salama. Wajukuu huitikia "Naam, babu," kisha hujificha nyuma ya mawe kucheka. Wanajua kilichotokea Kilolombe: mmoja alitaka sifa, mwingine alitaka chakula, na kila mmoja alikuwa tayari kuumeza uongo wa mwenzake. Tofauti yao ni kwamba Fisi aliyetaka shibe ya dubu alipewa pia njaa ya dubu, na hiyo hakuna aliyemwibia.