Jina la Mwanzo wa Filamu

Hapo zamani, si ile ya majini na masultani, zamani ya juzi tu, simu zilipoanza kuleta sinema mpaka kitandani, palikuwa na mtu Korogwe akiitwa Shebughe. Alikuwa na banda la video. Ikija filamu ya Kichina, yeye anashika kipaza sauti, anawasemea wote: stelingi yeye, adui yeye, mama mkwe yeye. Na Kichina hakijui hata salamu. Alikuwa anatunga. Watu wakalia, wakacheka, kesho wakarudi.

Sasa shemeji yake, Hoza, kaka wa mkewe, akapata simu ya kuonyesha filamu, Kiswahili kimeandikwa chini. Akaja nayo bandani, watu wamejaa, akaiwasha filamu ileile anayoisemea Shebughe.

"Shemeji, huyu bibi unayesema anamfukuza mkwewe, mbona hapa anaomba maji ya kunywa?"

Shebughe akasema, "Ana kiu ya ugomvi."

Haikusaidia. Banda zima lilimcheka yeye, si filamu. Kesho wakaja nusu. Kesho kutwa wakaja watatu, na mmoja alikuja kulala. Kila mtu na simu yake, kila mtu na shuka lake. Shebughe akafunga banda, kipaza sauti akakitupa uvunguni.

Lakini mdomo uliozoea hauna kufuli. Jioni yuko kwake, kajifunga msuli, televisheni kaizima sauti, anawasemea. Mkewe, Bi Semeni, anachambua mchele, anamchokoza.

"Mwanamke gani huyo anatukanwa ananyamaza? Mpe maneno."

"Maneno gani?"

"Yale niliyokupa mwaka ule uliponiambia nirudi kwetu."

Shebughe akacheka, akamsemea yule Mchina: "Huna hata kuku wa kumfukuza, unanifukuza mimi?"

Kumbe binti yao, Mwanjaa, yuko nyuma ya pazia na simu, anarusha mubashara. Hakumwambia mtu.

Ee, wiki haijaisha, Kigoma wanasema kuku. Mwanza wanasema kuku. Tanga mjini neno hilo wamelitia kwenye kanga. Watu waliolala na simu zao wakaamka nazo, wakaja mpaka mlangoni kumwona mwenye sauti. Banda likafunguliwa. Wa ndani wanamtazama yeye, wa mbali wanamtazama kwenye simu, na Hoza huyohuyo kaja na mkeka wake.

"Shemeji, yale maandishi ya chini hayana chumvi."

Shebughe akapita sokoni kama bwana harusi. Hata muuza dagaa alimpa njia.

Siku moja, wote wanne wako bandani, simu ya Shebughe ikalia. Ni dada wa kampuni inayopeleka filamu kwenye simu za watu.

"Mzee, filamu zetu zote tunataka uzisemee wewe. Kila filamu ikianza, utataja kwa kinywa chako jina la mwenye kazi hii. Moja tu. Tunarekodi sasa hivi."

Shebughe akakohoa asafishe koo.

"Ngoja kwanza, baba Mwanjaa," akasema Bi Semeni. "Utataja nani?"

"Si mimi? Koo la nani hili? Nimekula vumbi la banda lile tangu una meno yote."

"Koo lako, maneno yangu. Kuku ni wa nani? Mimi ndiye niliyetukanwa, mimi ndiye niliyejibu. Wewe umebeba tu."

Mwanjaa akasema, "Samahani wazazi. Sauti ilikuwa uvunguni, maneno yalikuwa kwenye ungo wa mchele. Aliyeyatoa nje nani?"

"Ulinirusha na msuli, bila kuniuliza."

"Ningekuuliza, baba, ungekubali?"

Hapo Hoza, hajaulizwa na mtu, akainuka kwenye mkeka. "Na mimi je? Nisingekuumbua, si ungekuwa bado na watu wako wale wale wa bandani?"

Bi Semeni akamwambia, "Kaka, kaa."

"Nikae, lakini nimesema uongo?"

"Mzee," akasema dada wa kwenye simu, "nasubiri jina."

Shebughe akafungua mdomo. Mkewe anamtazama, bintiye anamtazama, shemejiye anamtazama. Mtu aliyewasemea Wachina wote bila kujua neno lao hata moja, siku hiyo akakosa neno moja la Kiswahili.

Haya, nyie mnaonisikiliza, msaidieni, simu iko wazi. Mwenye koo, mwenye maneno, aliyeyatoa nje, au aliyemwumbua? Ingekuwa ni wewe, ungemtaja nani, na usiku huo ungelala nyumba gani?