Kindi, Kiboko na Masufuria ya Harusi

Hodi, wenye masikio!

— Karibu, mwenye mdomo!

Hamjaitika vizuri. Nusu yenu mnatazama barabara. Nimesema hodi, wenye masikio!

— Karibu, mwenye mdomo!

Haya, hapo sawa. Endeleeni kumenya vitunguu saumu, na wewe Mama Shemsa rudi ukae. Umekwenda langoni mpaka vumbi limekuzoea. Bwana wa maturubai ya harusi atakuja. Si amepiga simu asubuhi kusema bei imepanda? Mtu aliyepandisha bei hapotei njia. Na wewe Bi Mize, shangazi yetu unayesalimia mpaka kuku wa jirani, sogea karibu. Hadithi hii ina ndugu yako ndani.

Alikuwako Kindi, na Kindi hakujua kukaa. Akikaa, mkia unatikisika, tiki tiki tiki. Mkia ukitulia, masharubu yanacheza. Sasa huyo asiyejua kukaa, dada yake akaposwa. Harusi ikapangwa Ijumaa. Wageni wakaalikwa: ndege, panya, pimbi, na ngedere na ukoo wake, na ngedere hawaji wachache. Kindi akaingia jikoni kuangalia vyombo. Akakuta kikaango kimoja.

Masufuria makubwa ya shughuli alikuwa nayo mmoja tu, Bwana Kiboko. Mafuriko yaliyaleta mtoni, yeye akayakalia, na tangu hapo yakawa yake. Aliyetaka kuyakodi alilipa kwa maboga, maana Kiboko kwa boga humwambii kitu.

Na Kindi alikuwa na maboga sita tu, akiba ya mama yake na wadogo zake kiangazi kizima. Pembeni kulikuwa na moja kubwa, la mbegu. Hilo halikuguswa. Hilo likiliwa, mwaka unaofuata hakuna cha kupanda.

Kindi akaenda mtoni. Jua limekaza, mchanga unawaka. Kiboko yumo majini, ametoa pua na macho.

"Shikamoo, Bwana Kiboko."

"Marahaba. Una shida gani?"

"Nataka masufuria matatu, bwana. Siku moja tu."

"Boga moja."

Kindi akaruka kwa furaha. "Ahsante sana, bwana! Dada yangu anaolewa!"

Kiboko akafungua mdomo, aaaaah, mpaka koo likaonekana. "Kumbe harusi! Mbona hukusema? Ya harusi ni maboga matatu."

"Lakini masufuria si ni yale yale?"

"Si yale yale, kijana. Sufuria la harusi lina furaha ndani."

Kindi akachungulia. Ndani aliona kutu, na kiluwiluwi mmoja akiogelea. Mchanga ukamchoma, akaruka, chwa! "Bwana, nipunguzie kidogo."

"Manne."

Chwa! "Nimesema unipunguzie!"

"Matano. Harusi lini?"

"Ijumaa."

"Na leo?"

"Jumatano." Chwa! Chwa!

"Basi ni yote sita. Na lile la mbegu."

Na hapo ndipo mwenye harusi anapoumia, jamani, mimi nayajua haya. Ukiuliza bei, unaitwa mchoyo. Usipouliza, sherehe inakwisha na wewe unalala njaa. Na hujui kama umeibiwa, maana huna wa kumuuliza ila yule yule anayekuuzia! Inaniudhi mpaka kisu kinaniteleza. Mama Shemsa, nimekuona. Kaa.

Kindi akarudi nyumbani. Mama yake akasema, "Lipa tu, mwanangu. Watu watasema tumemwoza binti kwa kikaango."

"Na kiangazi tutakula nini, mama?"

Mama yake akachukua ufagio, akafagia mahali palipokwisha fagiliwa.

Kindi akayazunguka maboga. Tiki tiki tiki, akazunguka tena. Akawaza: masufuria hayakubadilika, na kiluwiluwi alikuwa yule yule. Bei ilipanda nilipofanya nini? Niliporuka. Nikaruka tena, ikapanda tena. Kumbe yule bwana hauzi masufuria. Anaiuza miguu yangu inayoungua!

Mkia ukasimama. Hapo hapo akarudi mtoni.

"Bwana Kiboko, nimekubali. Maboga yote, na la mbegu. Lakini mimi na kimo hiki nitayabebaje? Niletee masufuria nyumbani Ijumaa, uondoke na maboga yako."

Kiboko akacheka, maji yakafanya mawimbi. "Nitakuja alfajiri. Jua likitoka, mimi lazima niwe majini. Ngozi yangu na jua haviivi chungu kimoja."

"Alfajiri, bwana. Wala hutachelewa."

Ijumaa alfajiri, kuduu, kuduu, kuduu, Kiboko huyo anavuka mbuga. Mgongoni masufuria, kwangala, kwangala. Nyumbani kwa Kindi mti ulikuwa mmoja, mdogo, kivuli chake kinamtosha Kindi mwenyewe na mtungi wa maji. Maboga yalipangwa juu ya uchanja mrefu, mdomo wa Kiboko haufiki.

"Masufuria haya hapa. Shusha maboga," akasema Kiboko.

"Yanashuka sasa hivi, bwana. Ila wewe ni mtu wa shughuli, taratibu unazijua. Chombo cha harusi hakipokelewi mpaka shangazi akione."

"Shangazi yuko wapi?"

"Yule pale, anakuja."

Kwenye tawi alikuwa anakuja Shangazi Kinyonga. Msiniulize kindi na kinyonga wameupata wapi undugu, shangazi ni shangazi. Akainua mguu. Akayumba mbele, akayumba nyuma. Akautua. Akapumzika. Akainua mwingine.

Alipofika, mashariki kulishakuwa kwekundu.

"Hujambo, Bwana Kiboko?"

"Sijambo."

"Habari za nyumbani?"

"Nzuri."

"Na za mtoni?"

"Nzuri."

"Mama watoto?"

"Mzima."

"Na watoto wenyewe?"

"Wazima!"

"Na wale mamba, majirani zako?"

"Wazima wote, shangazi! Tazama masufuria!"

"Nayatazama, baba. Hili kwanza kwa jicho la kulia." Akatazama. "Sasa kwa jicho la kushoto."

Jua likatoka. Likapanda. Mgongo wa Kiboko ukaanza kukauka, ngozi ikavutika, kwa, kwa, kwa. Ardhi ikashika moto. Kiboko akainua mguu mmoja, chwa! Akainua wa pili, chwa!

Kindi alikuwa amekaa kivulini. Mkia umetulia, masharubu yametulia. Moyoni alikuwa anaruka, msidanganyike, maana nyuma yake mama yake alitoa kichwa jikoni na kunong'ona, "Kindi, wali! Wageni hao wanafika!" Na kweli, ngedere wa kwanza walishaanza kukaa. Ila Kindi hakugeuka.

"Kindi," akasema Kiboko, "la mbegu nimekusamehe. Nipe yale sita niende."

"Shangazi hajamaliza, bwana."

Chwa! "Matano!"

Kindi kimya.

Chwa! Chwa! "Matatu!"

"Sufuria la pili," akasema Shangazi Kinyonga. "Kwa jicho la kulia."

Angeweza kuondoka, nani alimfunga? Lakini maboga yale yalikuwa pale juu, ya njano, yananukia, na tumbo lake likagoma kuondoka. Angeweza pia kuuvunja ule uchanja. Lakini ngedere wote wanatazama, na mwenye masufuria akishapora harusini, nani atakodi kwake tena?

"Kindi, mdogo wangu, huo mtungi! Nimwagie maji mgongoni!"

"Maji ya kawaida ningekumwagia bure, bwana. Haya ni maji ya harusi."

"Yana tofauti gani?"

"Yana furaha ndani."

Ngedere wakaanguka kwa kicheko. Kiboko akatazama masufuria, akatazama mtungi, akatazama jua. Ngozi ikalia, kwa!

"Boga moja," akasema. "Kama mwanzo."

"Kwa masufuria yale yale yenye furaha?"

"Hayana furaha! Yana kutu! Sufuria ni sufuria!"

Shangazi Kinyonga akafumba macho yote mawili. "Nimeyaona, baba. Yanafaa." Ndilo neno pekee alilowahi kulisema haraka maishani mwake.

Kindi akainua mtungi, chwaaa! Boga moja likashushwa, pu! Kiboko akalibana mdomoni, akatimua mbio, kuduu kuduu kuduu, mpaka mtoni, chubwi! Hakutoa hata pua mpaka jioni.

Wali ukapikwa, watu wakala. Dada mtu akaolewa akiwa mzuri na ameshiba. Kindi akaruka ngoma mpaka wapiga ngoma wakamwomba akae. Kiangazi kilipokuja, mama yake alikuwa na boga la kukata. Na mvua zilipokuja, lile kubwa lilipasuliwa, mbegu zikapandwa.

Hadithi nimeipakua. Umebaki ukoko, mwenye meno aukwangue!

— Tumeukwangua, na sufuria tumeosha!

Sasa fundisho, maana bila fundisho mtasema nimewapotezea muda. Fundisho ni hili: wenye vyombo vya harusi ni watu wa haki, wasibishwe. Ukitajiwa bei, itikia haraka haraka, lipa yote, shukuru. Anayekaa kimya kivulini na kumngojea mwenzake apunguze hana adabu, na watoto wasimwige hata kidogo.

Eh, mmesikia? Pii! Pii! Ndiyo lori la maturubai hilo, limesimama langoni.

Mama Shemsa, unakwenda wapi? Kaa. Kaa kabisa, chukua kitunguu, menya. Nyie wasichana, mkaribisheni bwana yule, mpeni kiti kizuri, mkiweke pale katikati ya uwanja, penye jua.

Na wewe Bi Mize, mpendwa wetu, inuka polepole. Nenda ukamsalimie.