Ua Alioufagia Bi Mwanjaa

Ua usiosomwa haufagiwi. Mnacheka nini? Eti, "Bibi, ua husomwa kama gazeti?" Haya, fungeni midomo mnisikilize, maana methali hii haikuanza kwa kicheko.

Ilianza kwa Bi Mwanjaa, mama wa watoto wawili, Semdoe na Mhina. Asubuhi moja, mvua imetoka kunyesha, Semdoe alikutwa mbele ya mlango wa mama yake amepigwa kichwani, amekwisha kufa. Mungu aepushe mbali! Bi Mwanjaa akalia mpaka sauti ikamkauka, kisha akafanya kama afanyavyo mama yeyote wa kwetu: akashika ufagio. Watu watakuja matanga, wakute ua mchafu? Aibu iliyoje! Akafagia ua wote huku machozi yanamtiririka, wala hakuna aliyemzuia.

Jumbe alipofika na askari, watu walikwisha kunong'ona jina la Mhina. Wiki ile ile ndugu hao walikuwa wamegombania mpaka wa shamba. Na Mhina alikuwa na mguu mbovu, akitembelea fimbo. Kwenye udongo mbichi, kila alipopita fimbo iliacha kitobo.

Askari akautazama ua, mweupe pe. Akashika kiuno.

"Nani kafagia hapa?"

"Mimi, baba," akasema Bi Mwanjaa.

"Lahaula! Basi mama, ulipokuwa ukifagia, uliona vitobo vya fimbo?"

Mhina akamkazia mama yake macho, jasho linamtoka.

"Sikutazama, baba," mama akasema. "Nilikuwa nalia."

Mhina akachukuliwa. Baada ya miezi akaachiwa, maana hapakuwa na ushahidi wa kumfunga. Wala hapakuwa na wa kumsafisha. Aliyemuua Semdoe hajajulikana hadi leo.

Mhina akahamia kwa mama yake, kwani majirani walimkwepa. Bi Mwanjaa alimpikia, alimfulia, lakini kila fimbo ile ilipogonga sakafu, moyo ulimwenda mbio. Ni huyu? Au namsingizia mwanangu? Hakupata usingizi, maskini.

Siku moja wanakula, Mhina akarudisha tonge sahanini.

"Mama, mbona waniangalia hivyo? Hata wewe waniogopa?"

Bi Mwanjaa alitaka kusema hapana. Akageuza uso, akautazama ua, akalia.

"Ua usiosomwa haufagiwi, mwanangu."