Mapepe, Nyota Aliyevimba na Kunywea

Paukwa!
Pakawa!
Chungu?
Kiko jikoni!
Mfuniko?
Uko juu!
Na atakayenibishia?
Akale mbichi!

Hapo sawa. Wale wa nyuma mmeitika kama watu waliokunywa maji ya kuoshea vyombo, lakini nawasamehe, maana hadithi ni tamu na msimuliaji ndiye mimi.

Hapo kale, Uwanda wa Juu, huko angani, haukuwa na kuni. Kila nyumba ilikuwa na nyota wake, amekaa katikati ya mafiga matatu, na juu yake huinjikwa chungu. Na kulikuwa na mwiko mmoja: chungu kikishakaa juu ya nyota, hakiguswi mpaka chakula kiive. Ukikitegua mapema nyota hununa, na nyota akinuna, nyumba nzima hukaa na baridi mwaka mzima.

Nyota wote walikuwa watulivu. Aliyesifiwa kuliko wote ni Thabiti, nyota wa Bi Zawena: leo moto ule, kesho moto uleule.

Sasa, kulikuwa na mmoja aitwaye Mapepe. Loo, huyo alikuwa nyota! Akivuta pumzi, puuu, anavimba mpaka mawe ya jirani yanatoka jasho, na cheche zinaruka juu kama bisi. Akishusha pumzi, fiii, ananywea mpaka unamtafuta kwa kupapasa. Puuu, fiii. Puuu, fiii. Mwekundu, wa machungwa, mweupe wa kuumiza macho. Nyinyi hamjawahi kumwona wa namna ile, msijifanye.

Nyumba tatu zilimpokea, nyumba tatu zikamkimbia. Aliyebaki naye ni Sikudhani, mwanamke mwembamba mwenye ulimi mkali, aliyeishi na mama yake mzee. Miguu ya mama ilikuwa imekufa ganzi kwa baridi, na hakuna kilichoiamsha ila ile puuu ya Mapepe.

Siku moja akatua Mwewe, mjumbe wa Sultani, akasema bila hata kusalimia: siku ya tatu kila nyumba ilete chakula barazani. Nyota ambaye chakula chake hakiliki atasukumwa kwenye Shimo la Giza.

Sikudhani akaitazama miguu ya mama yake.

Siku ya kwanza akasonga ugali. "Tulia, Mapepe. Tulia kama Thabiti." Mapepe akabana pumzi, akabana, akashindwa. Puuu, ugali chini makaa. Fiii, ugali juu unga mtupu.

Siku ya pili akainjika maharage. "Tulia, Mapepe. Tulia kama Thabiti." Akabana, akabana, akashindwa. Puuu, mchuzi ukakauka. Fiii, maharage yakabaki magumu, ungeyatia kwenye manati ukamwangusha Mwewe. Bi Zawena akapita, akachungulia, akacheka mpaka akashika kiuno.

"Shoga, huyo si nyota. Huyo ni kwikwi."

Siku ya tatu unga umekwisha, maharage yamekwisha. Kumebaki kibaba kimoja cha mchele na nazi moja. Na mjue, kule wali ulikuwa chakula cha kulazimishana: chini umeungua, juu majimaji, katikati mashendea. Watu waliamini wali umeumbwa hivyo.

Mapepe akasema kwa sauti ndogo, "Dada Sikudhani, acha. Nimejaribu kutulia, siwezi. Wakija kunisukuma, usije kuangalia."

Sikudhani alikuwa ameshafungua mdomo aseme tulia mara ya tatu. Akaufunga. Miaka yote alikuwa akimwambia atulie, na hakuna hata siku moja aliyokaa akamtazama.

"Usitulie," akamwambia. "Vuta pumzi zako kama siku zote. Leo wa kutulia ni mimi."

Akakaa. Pumzi ya kwanza, akatazama zile cheche zinapotua. Pumzi ya pili, akatazama joto linavyolegea. Pumzi ya tatu, Mapepe alipoanza tu kuvimba, akainjika chungu, mchele na tui ndani, akafunika.

Puuu! Tui likachemka, mchele ukanywa. Cheche zikaruka, zikatua juu ya mfuniko, zikalala hapo makaa mekundu. Fiii! Mapepe akanywea, moto wa chini ukawa vuguvugu tu. Makaa kidogo juu, moto kidogo chini, na wali katikati ukajikausha taratibu. Wali umepaliwa! Uwanda mzima hawakuwahi kuona jambo hilo, maana hakukuwa na nyota mwingine aliyejua kupunguza moto wake.

Barazani Sultani alianza na wali wa Bi Zawena, uliopikwa kwa moto wa Thabiti. Akatafuna ukoko, akateremshia maji, akasema ndiyo hivyo, wali ni wali. Kisha kikafunuliwa chungu cha Sikudhani. Wali umechambuka, punje mojamoja, hakuna iliyomshika mwenzake. Tonge la kwanza, akayasukuma maji kando. Tonge la pili, akafumba macho. Tonge la tatu, akalivuta sinia upande wake Mwewe asilifikie.

"Hiki ni nini?"

"Ni wali, Bwana."

"Basi nilichokula miaka yote ni nini?"

Wote walimtazama Bi Zawena, na Bi Zawena akatazama kucha zake.

Sultani akataka Mapepe ahamishiwe jikoni kwake siku ileile. Sikudhani akapiga goti, lakini ulimi haukupiga goti.

"Bwana, mkimhamisha, miguu ya mama yangu mtaihamishia wapi? Mwenye hamu alete chungu chake."

Sultani akalitazama sinia, akalikuta tupu, akakubali.

Tangu siku hiyo foleni ya vyungu haikukatika mlangoni kwa Sikudhani, na cha Sultani kimo, kinangoja zamu. Mama mzee kigodani ndiye mwenye amri: puuu, injikeni, fiii, acheni wali ulale. Miguu yake inapiga mdundo chini. Na yule mwishoni kabisa, aliyekumbatia chungu akidai anapita tu, mnamjua.

Kwa hiyo ukiona nyota anavimba na kunywea huko juu, usimhurumie. Kuna mtu ameinjika.

Na funzo ni hili: kabla hujamwambia mtu atulie, kaa kwanza umtazame. Mimi walimu waliniambia nitulie mpaka nikaacha shule darasa la tano, na leo ni nani amewakalisha nyote kimya?

Hadithi imeiva, naitegua. Wali nilipewa sahani tele niwaletee, ila njiani njaa yangu ikavimba, sahani ikanywea. Ukoko huu hapa, gawaneni.