Kapuni Hakuna wa Kwanza

Kapuni hakuna wa kwanza, chunguni yupo. Mlimsikia mama yenu akiisema jana, mlipogombana jina la nani litangulie kati ya watatu watakaopeleka chakula msibani, na leo mnaniuliza ilitoka wapi. Methali hii ilianza hivi, nami naijua vizuri kwa sababu aliyeharibu chungu ni mimi.

Nilikuwa na siku nane tu katika nyumba ya babu yenu Feruzi, pale Ujiji. Desturi ya ukoo wao ilikuwa kwamba fungate likiisha, bibi harusi anawapikia mashangazi wa mumewe. Wakila wakamaliza, anakabidhiwa mwiko wa nyumba. Wakiacha chakula, anarudishwa kwao mwezi mzima akafundwe upya, na mtaa wote unamwona akipita na mzigo wake. Mashangazi wa Feruzi walikuwa wawili, na wote walikuwa wamemtakia msichana mwingine. Usiku ule sikupata usingizi.

Asubuhi mama mkwe wangu, Bi Sikudhani, alinipa kapu akaniambia, "Mwanangu, lete mawese, vitunguu, nyanya, migebuka na ndimu." Mimi nilikuwa mtoto wa kutii kupita kiasi. Alivyotaja ndivyo nilivyonunua. Mama aliyeuza vitunguu na ndimu alikaa mlangoni mwa soko. Nikampita kwenda kununua mawese mwisho wa soko, nikarudi kwake kwa vitunguu, nikaingia tena ndani kwa nyanya, nikateremka mwaloni, wavuvi wanakoshusha migebuka, kwa samaki, kisha nikapanda tena kwake kwa ndimu. Nilipompita mara ya kwanza aliniuliza mbona najifanya simjui. Nikamjibu kwamba zamu yake bado.

Nilifika nyumbani jua liko utosini na mashangazi wameshakaa mkekani. Kwa hofu nikatia vyote chunguni kwa mkupuo, na samaki na ndimu, nikafunika na kuchochea moto.

Shangazi mkubwa alionja tonge moja akasukuma sahani. Mawese yalinuka ubichi, vitunguu vilikuwa vinalia menoni, na samaki walivurugika hata hujui kichwa ni kipi.

"Huyu arudi kwao," akasema.

Nikaanza kulia. Mama mkwe hakunigombeza. Aliniuliza taratibu, "Mbona ulichelewa sokoni?"

"Nilinunua kwa mpango ulionitajia, mama."

"Na chunguni je?"

"Chunguni niliona vyote vitakutana humo humo, nikavitia pamoja."

Alicheka mpaka akajifuta machozi kwa ncha ya kanga. Kisha akawageukia mawifi zake. "Jamani, mtoto huyu mpango anao. Kautia kapuni, chunguni kausahau. Nami nilimtajia kwa mpango wa kupika, wala sikumwambia kwamba sokoni anaweza kuanza na chochote, kapu litakuwa lilelile. Kosa ni letu wawili. Kama ni kwenda kufundwa, tutakwenda wote."

Mashangazi wakatazamana. Mkubwa akasema, "Basi pikeni tena, njaa inauma."

Bi Sikudhani akaomba vitu kwa majirani. Ndimu zikafika mwanzo, mawese yakaja mwisho, wala hakujali. Lakini jikoni alinishika mkono akaniambia, "Kapuni hakuna wa kwanza, chunguni yupo." Mawese kwanza, mpaka harufu ya ubichi iishe. Kisha vitunguu, kisha nyanya. Samaki wakapangwa bila kukorogwa, na ndimu ikakamuliwa chungu kikishaepuliwa. Alasiri mashangazi walikula mpaka wakafuta sahani, na mwiko nikapewa.

Namkumbuka sana mama yule. Uzeeni macho yalimwacha, akawa anakaa barazani nami napika ndani, huku akisikiliza chungu. "Hayo mawese. Sasa vitunguu. Usiharakishe, nyanya bado." Siku niliyotia nyanya bila kusikia neno, nilijua kabla sijatoka nje. Mpaka leo, nikifika kwenye nyanya, nasita kidogo kumsubiri.

Basi wajukuu zangu, kabla ya kushikilia mpango, na kabla ya kuutupa, jiulizeni kwanza mko wapi. Kapuni hakuna wa kwanza, chunguni yupo.